Meza Kuu Haina Kiti cha Mwandishi

Mwanza ni jiji linalojua kupanga watu. Nenda kwenye harusi yoyote, iwe ukumbi wa Capri Point au wa Nyakato, umsikilize MC akitambua wageni. Huanza na waheshimiwa, hasa aliyekuja na dereva. Wanafuata wakurugenzi, wenye viwanda vya minofu, matajiri wa mitumbwi, wenye dhahabu zao Geita, wenye vituo vya mafuta, kisha kamati ya maandalizi, kila mjumbe na mchango wake. Mwalimu mkuu hutajwa. Nesi hutajwa akibahatika kuwa shangazi wa bibi harusi. Kijana aliyeandika riwaya ameketi nyuma kabisa, karibu na spika, na akitajwa ni kwa sababu ndiye aliyepewa kazi ya kupiga picha.

Namwandikia huyo wa karibu na spika, awe wa kiume au wa kike. Umetoka Sengerema, Magu, Kwimba au Nansio. Shuleni insha yako ilisomwa mbele ya darasa. Sasa umepanga chumba Mabatini au Malimbe, una mswada kwenye simu na mwingine kwenye madaftari, na umeanza kuona kwamba jiji hili la zaidi ya watu milioni moja halikuwa likikusubiri. Ninachotaka kukwambia ni kimoja. Mwanza itakupa kazi, itakupa wateja, itakupa mambo ya kuandika hadi uzeeni. Hukumu juu ya maandishi yako usiiombe kwake. Kila utakapoiomba itakupimia kwa kipimo ilicho nacho, yaani gari, kiwanja na kiasi ulichochanga.

Ajabu ni kwamba mwaka wa kwanza jiji hupokea vizuri, na hapo ndipo wengi huponzeka. Unaweka hadithi yako kwenye makundi ya WhatsApp, sehemu ya kwanza hadi ya kumi bure, kuanzia ya kumi na moja watu wanatuma hela kwenye namba yako. Wanakuita mtunzi. Diwani anakuomba umwandikie risala, mwenye duka la vifaa vya ujenzi anakuita umtungie tangazo la redio, unakaribishwa nyama choma na watu ambao mwaka jana usingethubutu kuwasalimia. Taratibu unaanza kuvaa kama wao. Unaazima suti. Inakuja kadi ya mchango wa harusi ya mtu uliyekutana naye mara mbili, unajaza ahadi ya laki moja ilhali kodi ya chumba unadaiwa.

Tuanzie hapo, kwenye kadi, kwa sababu nimeona vipaji vingi zaidi vikimezwa na michango kuliko na pombe. Kutochanga kabisa haiwezekani. Utaumwa, utafiwa, utawahitaji watu hao hao. Ila mwanzoni mwa mwaka jipangie kiasi, kikiisha kimeisha. Toa taslimu, mapema, kidogo, mkononi mwa mweka hazina, upate jina lako kwenye daftari. Ahadi usiandike. Ahadi ina kamati nyuma yake, na kamati ina mtu mmoja asiye na kazi nyingine ila kupiga simu saa mbili usiku, saa ambayo ungekuwa unaandika. Msiba ni jambo tofauti. Kwenye msiba nenda mwenyewe, ukae, usaidie kuchota maji. Hata kama huna shilingi watu watakukumbuka kwa hilo, na utasikia mazungumzo ambayo hakuna maktaba inayoyatunza.

Wengi wenu mtapitia kwenye habari kwanza. Mwanza ni mahali pazuri pa kupitia. Chuo Kikuu cha Mtakatifu Augustino pale Malimbe kilianza mwaka 1960 kama taasisi ya mafunzo ya Nyegezi, na waandishi waliopita mikononi mwake wametapakaa nchi nzima. Radio Free Africa na Star TV zilizaliwa hapa hapa. Ujue tu kwamba Sheria ya Huduma za Habari ya mwaka 2016 ilileta ithibati na sharti la kiwango cha elimu kwa mwanahabari, kwa hiyo ukitaka njia hiyo tafuta stashahada kwanza. Kitambulisho cha kuazima hakitakufikisha mbali. Ujue pia kwamba mwandishi wa kujitegemea hulipwa kwa habari iliyotumika, na malipo huchelewa. Pengo hilo ndilo linalozibwa na bahasha ya mwenye tukio.

Sitakuhubiria juu ya bahasha. Wenye vyombo vya habari wakilipa vizuri tutazungumza maadili kwa sauti kubwa zaidi. Ila nikueleze inavyofanya kwenye sentensi, maana hilo ni la kwetu sisi. Baada ya miaka miwili ya kuandika kwamba mheshimiwa amewataka wananchi, amesisitiza, ametoa wito, mkono wako unasahau namna ya kumwandika mheshimiwa akipiga chafya. Binadamu wote wanakuwa vyeo. Dawa yake ni daftari la pili. Kila unaporudi kutoka kwenye warsha au ziara, kabla hujalala, andika yale ambayo mhariri hakuyataka: dereva alikula wapi, mama lishe alidai hela yake mara ngapi, mkurugenzi alimwita nani pembeni na uso wake ulikuwaje aliporudi. Habari uliyotuma itasahaulika kesho asubuhi. Lile daftari ni riwaya inayojiandika polepole.

Sasa fedha, na hapa nitakaa kidogo. Mbele ya Mwanza, safari ya saa chache kwa meli, kipo kisiwa cha Ukerewe. Kimetoa waandishi ambao nchi nzima haina budi kuwataja: Aniceti Kitereza, Euphrase Kezilahabi, Gabriel Ruhumbika. Angalia walivyokula. Kitereza alifanya kazi misheni ya Kagunguli. Kezilahabi, mzaliwa wa Namagondo aliyesoma seminari ya Nyegezi, alikuwa mwalimu wa sekondari, kisha mhadhiri Dar es Salaam, na baadaye Botswana; alifariki Januari 2020. Ruhumbika alifundisha vyuo vikuu hadi Marekani. Hakuna hata mmoja aliyelishwa na vitabu vyake. Hata Abdulrazak Gurnah wa Zanzibar, aliyepata Nobel mwaka 2021, alikuwa profesa Chuo Kikuu cha Kent kwa miaka mingi. Kwa hiyo mtu akikwambia uache kazi ili "uandike kwa moyo wote", muulize yeye anakula wapi.

Tafuta kazi yenye mambo mawili: iwe na saa zinazojulikana, na ikukutanishe na watu. Ualimu unafaa. Kuuza dawa duka la dawa muhimu kunafaa sana, ukiwa na sifa zinazotakiwa. Hakuna mahali mtu anasema ukweli upesi kama pale. Ukarani wa mwaloni Kirumba, kwenye soko la samaki, unafaa kwa mwenye mgongo na pua imara. Kazi isiyofaa ni ile inayokudai uonekane: uwakala wa magari ya kifahari, upambe wa mwanasiasa, kuendesha kurasa za mitandao za tajiri. Hizo zinalipa, lakini zinakulisha kitu kile kile unachojaribu kukiona kwa mbali.

Turudi kwa Kitereza, maana watu humtumia vibaya. Alizaliwa mwaka 1896. Alisoma seminari ya Rubya upande wa Bukoba, akajifunza lugha za Wazungu na za kale. Mwaka 1945 alimaliza kuandika riwaya ndefu kwa Kikerewe, habari za Myombekere na mkewe Bugonoka na watoto wao Ntulanalwo na Bulihwali, maisha ya kisiwa kabla wakoloni hawajaingia. Hakuna aliyeichapa. Padri Almas Simard, mmisionari rafiki yake, alijaribu kuitafutia njia, haikupatikana. Mwishoni mwa miaka ya 1960 wakafika watafiti Wamarekani, Gerald na Charlotte Hartwig, wakamtia moyo aitafsiri kwa Kiswahili. Akaifanya kazi hiyo mwenyewe, mzee mwenye viungo vilivyokuwa vikimuuma. Tanzania Publishing House ilikitoa kitabu mwaka 1980, miaka 35 baada ya mswada wa kwanza. Yeye alifariki mwaka 1981, nakala zikiwa hazijamfikia mkononi. Leo kipo kwa Kijerumani, kwa Kifaransa, na kwa Kiingereza kwa kazi ya Ruhumbika, mtu wa kisiwa chake.

Husemwa kwenye semina kwamba hiki ni kisa cha subira. Mimi nakisoma kama kisa cha mtu aliyekosa huduma. Usikitumie kujifariji kwamba ukisubiri utagunduliwa. Kitumie kama orodha ya mambo ya kushughulikia ukiwa hai. Alitegemea mlango mmoja, na mlango huo ulipofungwa akabaki na makaratasi. Wewe unayo milango mingi. Mswada wako uwe kwenye barua pepe yako, kwenye flashi, na nakala moja iliyochapwa kwa mama kijijini. Peleka kwa wachapishaji zaidi ya mmoja, uandike tarehe, na baada ya miezi sita uliza kwa heshima, bila kulalama. Ukiandika kwa lugha ya nyumbani, iwe Kisukuma, Kikerewe au Kijita, ni uamuzi wa heshima, na kwa Kitereza ndio ulioipa kazi hiyo uhai wake. Lakini anza mapema kuitia kwenye Kiswahili, sura kwa sura, usingoje miaka ishirini.

Hapo utaniambia: mbona Eric Shigongo? Kweli, huyo ni mtu wa Buchosa, ng'ambo ya ghuba, aliyeuza hadithi za mfululizo hadi akajulikana kila kijiwe, na mwaka 2020 akawa mbunge. Yeye meza kuu anakaa. Angalia tu alivyofika. Magazeti yaliyobeba hadithi zake yalikuwa ya kampuni yake, kwa hiyo aliuza gazeti na hadithi ikiwa ndani, kila wiki, kwa msomaji aliyelipa taslimu. Kama una mwili na kichwa cha biashara, ifuate njia hiyo bila haya. Kama huna, usimwonee wivu kwa kazi ambayo wewe hutaki kuifanya.

Kuna siku simu itapigwa. Tajiri fulani, au mtoto wake, anataka kitabu cha maisha: alivyoanza kwa kuuza dagaa kwa kopo, alivyonunua mashine ya kwanza ya boti, alivyofika hapo alipo. Ikubali. Ni kazi halali, na inaweza kukulipia kodi ya mwaka. Lakini ifanye kama fundi anayejenga nyumba ya mtu, kwa mkataba ulioandikwa na kusainiwa. Theluthi ya malipo kabla hujafungua kinasa sauti, theluthi ukikabidhi rasimu, theluthi ukikabidhi mswada wa mwisho. Nauli na malazi ya kufuatilia mashahidi huko Kome au Ukara ni juu yake. Marekebisho ni mara mbili, ya tatu ina bei yake. Mwenye kuidhinisha awe mtu mmoja mwenye jina. Ukiruhusu familia nzima isome, kitabu kitafia mikononi mwa wake wawili na watoto tisa wasioelewana nani ametajwa kwanza. Kuchapa si kazi yako, isipokuwa kwa mkataba mwingine. Na jina lako, kama litakaa ndani ya kitabu au halitakaa popote, liandikwe mapema. Kutokuonekana si aibu, ila kunalipiwa zaidi.

Akiwa mwanasiasa, ongeza sharti moja: fedha zote ziishe kabla ya kura za maoni. Aliyeshindwa kura za maoni hakumbuki alikuajiri, na aliyeshinda hana tena shida na wewe.

Kazi hiyo ina faida nyingine ambayo haimo kwenye mkataba. Mtu mkubwa, ukikaa naye saa tatu bila wapambe, husema yale ya njaa, ya baba aliyezama ziwani, ya rafiki aliyemdhulumu hisa ya mtumbwi. Kesho yake atakuomba uyafute. Yafute, ni kitabu chake. Usiyahamishie kwenye riwaya yako yakiwa na sura yake, maana Mwanza si kubwa kiasi hicho. Bali umejifunza kwamba vyeo vyote unavyoviogopa ukumbini vimejengwa juu ya hofu ya kurudi mwaloni, na kuanzia siku hiyo hutaandika tajiri wa kikaragosi.

Uzinduzi wa kitabu nauogopa kuliko bahasha. Kijana amehangaika miaka minne, kitabu kimetoka, anaambiwa lazima kizinduliwe kwa hadhi. Inaundwa kamati. Inatafutwa hoteli yenye kuona ziwa. Tufanye hesabu ya mfano. Nakala 500 kwa shilingi 6,000 kila moja kiwandani, hiyo ni milioni 3. Ukumbi, chakula, MC, muziki, bango lenye picha yako na ya mgeni rasmi (yake kubwa zaidi), fulana za kamati: bila kujibana umemaliza milioni 4 nyingine. Mgeni rasmi anachelewa saa mbili. Anazungumzia miradi ya maendeleo kwa dakika arobaini, ananyanyua kitabu kikiwa kichwa chini miguu juu, anatangaza kununua nakala moja kwa milioni moja na kuchukua nyingine hamsini kwa ajili ya shule za jimbo lake. Makofi. Wengine wanaahidi laki, laki mbili. Picha zinasambaa. Ndani ya mwezi umepokea robo ya ahadi, mgeni rasmi kitabu chake amekiacha kwa dereva, na hakuna hata aya moja iliyosomwa ukumbini. Ukiuza nakala zote zilizobaki kwa elfu kumi kumi hujarudisha ulichotumia.

Fanya hivi badala yake. Omba chumba kwenye Maktaba ya Mkoa, au darasa Jumamosi mchana kwenye shule uliyosoma. Watu hamsini wanatosha. Soda na karanga. Mgeni wako awe mwalimu wako wa Kiswahili, na masharti yake yawe kwamba amekisoma kitabu na atasema kisichompendeza. Soma sura moja nzima, usiogope urefu. Vitabu viwe mezani mlangoni, bei imeandikwa, namba ya malipo imeandikwa, na anayeuza awe dada au rafiki asiyeona haya kudai chenji. Ukiuza thelathini siku hiyo, umeuza thelathini kwa watu watakaosoma. Dukani mwenye duka atabaki na theluthi au zaidi ya bei, kwa hiyo kila unachouza mwenyewe kina uzito.

Mambo ya ofisi nitayapita haraka. Namba ya ISBN hutolewa na Bodi ya Huduma za Maktaba Tanzania. BAKITA hutoa ithibati ya lugha, na ukitaka kitabu kiingie shuleni kwa njia rasmi unahitaji ithibati ya Taasisi ya Elimu Tanzania, ambayo huchukua muda, basi usipange maisha kwa kuihesabu. Hakimiliki unakuwa nayo tangu ulipoandika; COSOTA husajili kazi yako, na cheti chake husaidia siku ukiikuta hadithi yako ina jina la mtu mwingine. Mchapishaji akikupa mkataba wa mrabaha, asilimia 10 ni kawaida. Uliza wanakupa taarifa ya mauzo mara ngapi kwa mwaka, na haki zinarudi lini kwako kitabu kikiisha sokoni wasikichape tena. Mtu akikutaka wewe ulipe ndipo akuchapie, huyo ni mwenye kiwanda cha uchapaji. Hana kosa, ila usimwite mchapishaji, na dai sampuli kabla ya kulipa salio.

Tuzo zipo. Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu, ilitolewa kwa mara ya kwanza Aprili 2023. Ile ya Safal, iliyoanza mwaka 2014 ikiitwa Mabati-Cornell, inapokea kazi za Kiswahili. Shiriki, usome masharti mara mbili, kisha endelea na kitabu kingine kabla matokeo hayajatoka. Anayekaa kusubiri tuzo amerudi kule kule kwenye kungoja MC amtaje.

Na Dar? Wachapishaji wengi wako huko, Mkuki na Nyota wakiwamo. Nenda ukiwa na mswada uliokamilika, ukae wiki, urudi. Kuhamia ni habari nyingine. Huko nako kuna meza kuu, ndefu zaidi.

Tafuta watu watatu wa kukusomea. Mmoja awe mwandishi, mmoja awe msomaji tu, na mmoja mzee anayezungumza Kiswahili kizuri au lugha ya kwenu bila kuchanganya. Wape sura moja moja, si kitabu kizima. Anayejibu "safi sana kaka" baada ya dakika tano, mshukuru, usimtumie nyingine.

Mwaka wa tatu au wa nne kuvunjika moyo kutakuja tu. Utawaona wenzako wa darasani wakipiga picha Rock City Mall na funguo za gari mkononi. Utaanza kusema Watanzania hawasomi. Ukisikia sentensi hiyo ikikutoka, nyamaza uende Kirumba saa nne asubuhi, biashara ikiwa imepoa. Utamwona mwanamke juu ya magunia ya dagaa, simu mkononi, anasoma sehemu ya sitini na tatu ya hadithi ya mtu, na amelipia. Watu wanasoma kinachowahusu. Swali gumu ni kama kitabu chako kinamhusu yeye, au ulikiandika ili wakubwa wa ukumbini wakuone msomi. Kezilahabi aliuona ugonjwa huo mapema. Kazimoto, msomi wa *Kichwamaji* ya mwaka 1974, anarudi kisiwani na elimu isiyomkalisha popote, na anajiua. Hiyo ni riwaya, na riwaya ina ruhusa ya kuishia hapo. Wewe huna. Usingizi ukipotea wiki kadhaa, chakula kikakushinda, ukaanza kuwaza kifo, usiite hali hiyo usanii. Mwambie mtu siku hiyo hiyo, uende hospitali. Bugando wapo wataalamu wa afya ya akili, na hawatakuuliza umechapisha vitabu vingapi.

Kuvunjika moyo kwa kawaida, kule kusikokuwa ugonjwa, kuna matumizi yake. Kumetoa ukungu machoni, basi angalia. Mwaka 2004 Mwaustria Hubert Sauper alitoa filamu kuhusu sangara wa hapa, *Darwin's Nightmare*, ikafika hadi kushindania Oscar. Dunia ikaijua Mwanza kama mahali pa ndege za mizigo na mapanki, yale mabaki ya sangara. Serikali ilikasirika, na mwaka 2006 Rais Kikwete aliikemea hadharani. Filamu ile ina mengi ya kupingwa. Lakini jibu zito kwa kazi ya sanaa ni kazi ya sanaa, na kwa hilo bado tunadaiwa. Nani ameandika kikamilifu juu ya bei ya mabondo ya sangara na ugomvi inaoleta kati ya tajiri na wavuvi wake? Juu ya kambi ya dagaa, ambako watu huvua usiku wa giza na mbalamwezi ikitoka kazi inasimama, madeni yanahesabiwa, wapenzi wanaachana? Juu ya kamati ya harusi, ambayo ni bunge lenye siasa kali kuliko lile la Dodoma? Jiji linalohangaikia hadhi ni balaa kwa anayetaka kuipata na ni mgodi kwa anayeitazama. Ukikaa karibu na spika unaona ukumbi mzima, ilhali wa meza kuu wanaona sahani zao na kamera.

Limebaki la nyumbani. Krismasi au Idi utarudi kijijini, na mjomba atakuuliza mbele ya watu unafanya kazi gani huko Mwanza. Usimwambie "ni mwandishi" halafu ukaanza kueleza. Atasikia kwamba huna kazi. Mpe shikamoo yake kamili, umtajie kwanza kazi inayokulisha na mahali ilipo, kisha useme kuna kitabu kimetoka au kinakaribia. Akikwambia "basi niletee kimoja", mtajie bei hapo hapo, elfu kumi, na umtumie namba ya malipo kabla chai haijapoa. Ana mitumbwi miwili Kayenze, atalipa. Na akishalipa, atakisoma, hata kama ni kwa kutafuta kama umemtaja.